Liz Smith alianza kuonekana akikaribia miaka 50. Mimi nina 48, nimechelewa?

NdimuMbichi:
Wanajamvi, habari za jioni. Nahudumia wazee hapa Leeds, zamu za usiku. Kuna bibi mmoja hakubali kulala mpaka tuangalie The Royle Family, kile kichekesho cha runinga cha Uingereza. Juzi tuliangalia ile ya 2006, The Queen of Sheba. Nana, yule bibi anayeigizwa na Liz Smith, anaumwa, kitanda chake kimeletwa sebuleni, na binti yake Barbara anamtengeneza nywele huku wanaongea. Mimi kuchana nywele za wazee ndiyo kazi yangu. Unapitisha kitana polepole, mkono wa pili umeshika kichwa kisilalie upande, na mzee akiridhika uso unalegea. Liz Smith aliulegeza uso wake hivyohivyo. Chai ilinipoa mkononi.

Nasikia alianza kujulikana akiwa mtu mzima wa karibu miaka 50. Ni kweli? Kabla ya hapo alikuwa anafanya nini?

Nauliza kwa sababu sekondari kule Tanga nilikuwa naigiza sana. Baadaye ndoa, watoto, safari. Sasa kuna darasa la uigizaji la jioni jirani na kwangu. Fomu ina siku tisa mezani. Wifi yangu anasema umri wangu ni wa kungoja wajukuu.

MbuyuWaKale:
Dada, ni kweli. Alizaliwa 1921 Scunthorpe, akiitwa Betty Gleadle. Mama yake alifariki yeye akiwa na miaka miwili, akalelewa na bibi yake. Wakati wa vita alikuwa katika kikosi cha wanawake cha jeshi la majini. Aliolewa, akapata watoto wawili, ndoa ikavunjika, akawalea mwenyewe huku akifanya vibarua. Mwongozaji Mike Leigh alipomtafuta kwa ajili ya filamu ya Bleak Moments, iliyotoka 1971, alikuwa anauza midoli kwenye duka la Hamleys, London. Hebu fikiria, mtu yuko kaunta na midoli, anaitwa kwenye simu!

PwaniKwetu:
Shikamoo dada. Tafuta Hard Labour ya 1973, ya huyohuyo Mike Leigh, ilirushwa BBC. Anaigiza Bi Thornley, anayesafisha nyumba ya watu, kisha anarudi kwake kumhudumia mume. Maneno yake machache mno. Kuna mahali anaenda kuungama kwa padri kwamba anaona hapendi watu vya kutosha. Mama yangu amefanya kazi za ndani miaka mingi, na pale nilishindwa kuendelea, nikatoka nje kwanza.

TaaYaKoroboi:
Naomba nisahihishe kidogo. Liz Smith hakuanza akiwa na miaka hiyo. Aliigiza miaka mingi kwenye vikundi vidogo, jioni, baada ya kazi. Kilichochelewa ni kuonwa. Kwa hiyo dada, miaka yako ya Tanga ihesabu. Na alipoonwa hawakumwacha: BAFTA, tuzo ya filamu ya Uingereza, kwa filamu ya A Private Function ya 1984, kisha Letitia Cropley wa kichekesho cha runinga The Vicar of Dibley, yule wa mapishi ya ajabu, kisha Nana kuanzia 1998. Tuzo ya Uingereza ya mwigizaji bora wa kike wa vichekesho vya runinga aliipata 2007, miaka 80 ameshaipita. Alifariki mkesha wa Krismasi 2016, akiwa na miaka 95. Mpe wifi hesabu hiyo.

NdimuMbichi:
Marahaba PwaniKwetu, na asanteni wote. Hard Labour nimeiangalia asubuhi baada ya zamu, viatu bado viko miguuni. Bi Thornley anavyoinama kufanya usafi, nawajua wanawake kumi wanaoinama vile, na mimi nikiwemo.

TaaYaKoroboi, umenigusa penyewe. Kilichonikwamisha kwenye fomu ni sehemu ya uzoefu, mistari mitatu mitupu. Wa kwanza nimeandika maigizo ya sekondari, Tanga. Wa pili nimeandika kuhudumia wazee, miaka kumi na moja. Wa tatu nimeuacha wazi. Naipeleka kesho kabla sijaingia kazini.