Kalenda ya dunia ya moto: miezi 12, miezi 10, au nifuate milipuko ya mlima? (naprinti Ijumaa)

Section58_Nakuru
Habari zenu. Nimebanwa. Dunia yangu ni ya moto: mlima unafuka mwaka mzima, jiko ndilo hekalu, sheria zote zinaanzia mekoni. Ijumaa napeleka kalenda kwa mtu wa printa hapa mjini, karatasi ya A2. Nimebaki na tatu: (1) miezi 12 ya siku 30 na siku 5 za ziada, (2) miezi 10 ya siku 40, (3) kuhesabu kwa milipuko ya mlima. Nichukue ipi?

Fundi_Ramani
Ya kazi gani? Ni riwaya au mchezo wa mezani? Mwaka una siku ngapi? Angani kuna mwezi mmoja au kumi? Nani anashika hesabu, mkulima au kuhani? Rudi na hayo kwanza.

Omera_wa_Winam
Ya tatu itupe leo. Mlima hauna saa. Ol Doinyo Lengai kule Tanzania ulilipuka kwa kishindo 1940, 1966 na 2007. Hapo una miaka 26, kisha 41. Ukiambiwa mtu alizaliwa "milipuko miwili iliyopita" hujui kama ni kijana au babu. Mlipuko ni wa kuanzia hesabu, "mwaka wa 212 tangu mlima upasuke", basi.

Section58_Nakuru
Samahani. Ni mchezo wa mezani, wachezaji watano. Miezi angani ni miwili: mmoja huzunguka kwa siku 24, mwingine 40. Urefu wa mwaka sijaamua.

MamaMafiga_Kakamega
Si ungeanza na hayo, mwanangu! Achana na miezi, hesabu kwa makumi. Mabaharia wa pwani walihesabu mwaka wa jua hivyo: miongo 36 ya siku kumi kumi, halafu siku 5 za gatha, jumla 365. Makunduchi kule Zanzibar bado wanakoga mwaka, ile sherehe ya mwaka mpya. Wanaume wanapigana kwa migomba na kibanda kinatiwa moto. Sasa gawa 36 kwa mafiga matatu. Kila figa miongo 12, siku 120: Figa la Cheche, Figa la Kaa, Figa la Jivu. Siku 5 za mwisho moto wote nchini unazimwa, na mwaka mpya unapekechwa upya kwa kijiti.

Fundi_Ramani
Mama, hebu ngoja. 24 na 40 zinakutana kila siku 120. Hiyo ni figa moja kamili!
Lakini Section58, usifurahi mapema, zile siku 5 zitakusogeza. Miezi ikikutana siku ya 1, itakutana tena ya 121, 241 na 361, ambayo ndiyo siku ya kwanza ya kuzima moto. Mwaka wa pili ni siku ya 116, si 121. Kila mwaka unarudi nyuma siku 5, na baada ya miaka 24 unaangukia tena siku ya 1 (24 × 365 = 8,760 = 73 × 120). Waazteki wa Meksiko ya kale walikuwa na kitu cha jinsi hiyo: kalenda ya siku 365 na ya 260 zilikutana kila miaka 52, wakazima moto na kuwasha mpya. Wewe sherehe yako kubwa iwe ya miaka 24. Na mwaka uwe 365 kamili. Robo siku tuachie sisi wenye mwaka wa siku 365.2422.

Mhariri_Milimani
Kabla hujaikumbatia namba 2 kwa siri, sikia. Kuna andiko lilikuja kuhaririwa likiwa na miezi 10 ya siku 40. Mimba ikaandikwa "miezi tisa", yaani siku 360. Mimba ya binadamu ni kama siku 280 tangu hedhi ya mwisho, kwa hesabu yake miezi 7 kamili. Mwandishi akarekebisha mimba, akasahau umri: binti wa miaka 16 ana siku 6,400, kwetu ni miaka 17 na nusu. Akarekebisha umri, mahindi ya miezi sita yakakaa shambani siku 240, yakaoza kwenye mabua ukurasa uleule ambao kijiji kilisherehekea mavuno. Askari nao walikula posho ya siku 30 kwa siku 40 na hakuna aliyenung'unika! Kosa lilikuwa moja tu. Aliandika "mwezi" huku kichwani ana thelathini. Dawa: kila muda uandike kwa siku kwanza, daftarini, ndipo ugeuze.

Omera_wa_Winam
Swali la maana: siku tano bila moto wanakula nini? Nyoyo (mahindi na maharagwe ya kuchemsha) ya jana, kwa joto la Kisumu, kesho jioni imechacha.

MamaMafiga_Kakamega
Ndizi, karanga za kukaanga mapema, mursik (maziwa ya kuchachisha kibuyuni).

Omera_wa_Winam
Mursik sawa. Ila kuna atakayesema obambla, samaki wa kukaushwa juani. Obambla bila kupikwa ni ubao.

Fundi_Ramani
Na atakayeficha moto je? Kaa la mti mgumu likifukiwa kwenye jivu hulala usiku kucha likiwa hai, lakini siku tano halifiki bila kuongezwa kuni, na kuni zina moshi. Hapo una kesi ya kuchezwa jioni nzima.
Karatasi: ilaze. Safu tatu, kila moja mistari 12 ya vyumba 10, na gatha mstari mmoja mweusi chini. Chumba kitatoka kama milimita 17 kwa 24, kalamu inaingia.

Mhariri_Milimani
Amua pia siku inaanza lini. Kama ni jioni moto unapowashwa, usiku unatangulia mchana: "usiku wa Ijumaa" ni Alhamisi baada ya jua kuzama. Wachezaji wasipoambiwa watafika kwenye mviziano siku imepita.

Section58_Nakuru
Sasa nimechanganyikiwa zaidi. Namba 1 nayo je? Si ni 365 vilevile?

Fundi_Ramani
Ni vilevile, ila miezi yako 12 haimfuati mwezi wowote wa angani.

Omera_wa_Winam
Mama, kibuyu cha mursik si kinasuguliwa kwa kaa la mti wa senetwet? Kaa hilo litatoka wapi moto ukizimwa?

MamaMafiga_Kakamega
Kinasuguliwa kabla ya maziwa kutiwa, omera. Figa la Jivu lote wako kazini.