MJADALA: "Valkoinen peura" ni filamu ya Erik Blomberg peke yake?

Wadau wa filamu, hili naomba tulijadili bila kuoneana haya.

Mwaka 1952 Ufini ilitoa filamu ya *Valkoinen peura*, yaani Kulungu Mweupe (kulungu wa nchi za baridi anayefugwa, kwa Kiingereza "reindeer"). Mwaka 1953 ikapata tuzo kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwenyekiti wa majaji akiwa Jean Cocteau, msanii na mwongozaji Mfaransa, na mwaka 1957 ikapata Golden Globe, tuzo ya filamu ya Marekani. Kila inapotajwa, utasikia "filamu ya Erik Blomberg", yaani mwongozaji wake. Mimi nasema tunamdhulumu Mirjami Kuosmanen.

Wanaomkumbuka wanamkumbuka kama mwigizaji, kwa kuwa ndiye aliyecheza Pirita, mhusika mkuu. Lakini skripti waliiandika wawili, yeye na Blomberg, mume wake.

Kitazameni kisa chenyewe. Pirita ameolewa na Aslak, mfugaji wa kulungu huko Lapland, kaskazini mwa Ufini. Mume anaondoka na mifugo, mke anabaki na baridi na upweke. Anakwenda kwa mganga kutafuta dawa ya mapenzi. Masharti ni kutoa kafara kiumbe hai cha kwanza atakachokutana nacho akirudi nyumbani, na anayemlaki ni ndama mweupe wa kulungu ambaye Aslak huyo huyo alimpa Pirita kama zawadi. Anamchinja. Tangu hapo anageuka kulungu mweupe, anawavuta wawindaji hadi bondeni na kuwaua. Mwishoni Aslak anamchoma kwa mkuki wa chuma, halafu anamwona aliyelala pale ni mkewe. Kisa chote kinasukumwa na hamu ya mwanamke aliyeachwa peke yake, na hatuambiwi hata mara moja tumchukie. Kwangu mimi huo ndio moyo wa filamu, nao ulikuwa kwenye karatasi kabla kamera haijafika kwenye theluji.

Hoja ya upande wa pili ina uzito, siikatai. Blomberg aliongoza na kupiga picha mwenyewe, na ile mandhari nyeupe isiyo na mwisho ni kazi ya jicho lake. Asifiwe kwa hilo. Ila kusifu jicho hakutulazimishi kumfuta mwandishi mwenzake, tena aliyebeba pia uso na mwili wa kisa hicho. Kuosmanen alifariki mwaka 1963, hata miaka 50 hajafika.

Kuna jambo jingine, na wanaomtetea Kuosmanen kama mimi hatuwezi kulikwepa. Mganga, jiwe la kafara, mavazi, vyote ni vya Wasami, wenyeji wa asili wa Lapland, na waliokitunga kisa ni Wafini. Tukidai haki ya jina kwa mwandishi, Wasami nao wana dai lao: imani zao zimegeuzwa hadithi ya kutisha, na kwenye uandishi hawamo.

Kwa hiyo nauliza: tukiitaja filamu hii, tuandike jina la nani? Anayeona jina la mwongozaji linatosha, anieleze Pirita alitoka kichwani mwa nani.