Uwezekano wa Sabasaba na Nanenane kuangukia mwisho wa juma

Mzazi, Temeke:
Ndugu zangu, naomba msaada katika hesabu ya binti yangu aliye kidato cha nne. Swali walilopewa tuisheni ni hili: mwaka ukichaguliwa kwa kubahatisha, kuna uwezekano gani kwamba Sabasaba na Nanenane zote mbili zitaangukia Jumamosi au Jumapili? Aliona kwamba siku za mwisho wa juma ni 2 kati ya 7, akazidisha 2/7 kwa 2/7, akapata 4/49. Jibu lililoandikwa ubaoni ni sifuri, bila maelezo. Sikukuu hizo zina tarehe tofauti na miezi tofauti. Kwa nini basi zisizidishwe?

Mwalimu wa hisabati, Ubungo:
Kuzidisha namna hiyo kunaruhusiwa pale tu ambapo matukio ni huru, yaani kulijua la kwanza hakukupi habari yoyote kuhusu la pili. Chukueni kalenda ya ukutani, mweke kidole kwenye tarehe 7 Julai, kisha mshuke nayo juma kwa juma: 14, 21, 28, halafu 4 Agosti. Zote hizo ni siku ile ile ya juma, na kutoka 4 hadi 8 Agosti zimebaki siku 4. Kwa hiyo Nanenane huwa siku 4 mbele ya Sabasaba katika juma, mwaka wowote ule. Mwaka 2025, kwa mfano, Sabasaba ilikuwa Jumatatu na Nanenane Ijumaa. Sabasaba ikiwa Jumamosi, Nanenane itakuwa Jumatano. Ikiwa Jumapili, itakuwa Alhamisi. Ndiyo maana jibu ni sifuri.

Mimi ningeuliza uwezekano wa angalau moja kati ya hizo kuangukia mwisho wa juma. Kwa kuwa haziwezi kuangukia huko pamoja, tunajumlisha 2/7 na 2/7, tunapata 4/7, jibu ambalo wafanyakazi wanaosubiri mapumziko hawatalipenda.

Mhasibu, Kariakoo:
Shikamoo mwalimu. Binti ajaribu pia Mapinduzi, tarehe 12 Januari, na Muungano, tarehe 26 Aprili, kwa sababu kati yao kuna Februari, na hapo ndipo hesabu inaponoga. Katika mwaka mfupi zinatenganishwa na siku 104, ambazo ni majuma 14 na siku 6, hivyo Muungano hurudi nyuma siku moja katika juma; zote mbili zitaangukia mwisho wa juma ikiwa tu Mapinduzi ni Jumapili, kama ilivyokuwa mwaka 2025, na uwezekano wake ni 1/7. Katika mwaka mrefu zinatenganishwa na siku 105, majuma 15 kamili, kwa hiyo siku ni ile ile (mwaka 2024 zote zilikuwa Ijumaa) na uwezekano unapanda kuwa 2/7. Hakuna hata mara moja inapopatikana 4/49.

Mzazi, Temeke:
Nawashukuru sana, sasa tumeelewana hapa nyumbani. Limebaki moja: hiyo 1/7 ya kila siku ni kamili, au ni makadirio?

Mwalimu wa hisabati, Ubungo:
Marahaba, mhasibu. Mzazi, kwa ukali wa hesabu ni makadirio. Kalenda yetu hujirudia kila baada ya miaka 400, yenye siku 146,097, ambazo ni majuma 20,871 kamili bila baki. Katika mzunguko huo Sabasaba huja mara 400, na 400 haigawanyiki kwa 7, hivyo siku zote saba haziwezi kupata mgawo sawa. Tofauti ni ndogo, na maswali ya kidato cha nne huichukulia kila siku kuwa na nafasi sawa. Binti aandike dhana hiyo kwenye mstari wa kwanza wa jibu lake, kisha aendelee. Ile sifuri haihitaji dhana hiyo, kwa sababu imetokana na siku 32 zilizopo kati ya tarehe hizo mbili.