Tupeane uzoefu: Mmetengana bila talaka, matunzo ya mke yanadaiwaje?

Habari za leo ndugu zangu. Mdogo wangu wa kike amerudi nyumbani Chamwino tangu mumewe alipohamia kwa mwanamke mwingine hapa mjini, na kila akiomba fedha ya chakula anajibiwa kwamba mke aliyerudi kwao hana cha kudai. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 63, inamtaka mume ampatie mkewe malazi, mavazi na chakula kulingana na uwezo wake, na kifungu cha 115 kinaipa mahakama mamlaka ya kuamuru matunzo pale mume anapokataa au kupuuza kumhudumia mkewe, anapomtelekeza, shauri la ndoa linapoendelea, na hata baada ya amri ya kutengana au talaka. Naomba waliokwisha kupita njia hii watueleze, hasa namna ya kuthibitisha kipato cha mwanamume asiye na mshahara.

Mchangiaji wa Kibaigwa:
Pole dada kwa hayo. Mimi nilianzia baraza la kata, nikazungushwa wee, ilhali hati ya baraza la usuluhishi, yaani karatasi ya kuthibitisha kwamba baraza limeshindwa kuwapatanisha, hutakiwa kwa anayeomba talaka, nami nilikuwa sijaomba talaka. Nikafungua shauri la matunzo mahakama ya mwanzo. Mume wangu, mnunuzi wa mahindi anayejulikana soko zima, alisimama akasema yeye ni kibarua wa kupakia magunia. Nilikuwa nimebeba daftari la stoo lenye majina ya wakulima aliowalipa kwa mwandiko wake, pamoja na stakabadhi za ushuru wa mazao. Hakimu alizipekua moja moja, kisha akamwuliza ni kibarua gani anayelipia ushuru wa shehena nzima. Hakuwa na jibu. Andikeni pia mahitaji ya mdogo wako: kodi ya chumba, unga, mkaa, dawa, kwa sababu mahakama hupima uwezo wa mume pamoja na mahitaji ya mke, na huangalia vilevile nani amechangia zaidi kuvunjika kwa ndoa, na desturi za jamii yao. Hapo kwenye lawama mjiandae, maana wanaume wengi hukimbilia huko wakishabanwa kwenye kipato.

Mchangiaji wa Mpwapwa:
Naandika kama mume niliyeamriwa kulipa. Nililipa vizuri hadi alizeti ilipokauka shambani, nikarudi mahakamani kuomba kiwango kipunguzwe, na kikapunguzwa, kwani sheria inaruhusu amri kubadilishwa hali inapobadilika. Wenzangu wanaoacha kulipa kimya kimya wanajitafutia deni.

Mchangiaji wa Kondoa:
Naongezea kuhusu deni hilo. Malimbikizo hudaiwa kama deni lingine lolote, lakini yaliyopita miaka 3 kabla ya kufungua madai hayadaiki tena, kwa hiyo mdogo wako asikae akisubiri wazee wa ukoo wamalize vikao. Jambo jingine: wa kwangu alikuwa akilipa ada za watoto, akidhani amemaliza. Matunzo ya watoto ni wajibu wake mwingine, na madai ya mke yanasimama peke yake, hivyo katika maombi yenu tengeni kiasi cha mama na kiasi cha watoto.