Kesi ya mauaji, "upelelezi haujakamilika" mwaka wa tatu huu. Tufanyeje?

Ngosha_wa_Ziwani

Wakuu habari za majukumu. Naomba wenye uelewa wa sheria za Tanzania mnifafanulie maana kwenye familia tumefika mwisho. Mtoto wa mama mdogo, ambaye kwangu ni mdogo wangu kabisa tumelelewa nyumba moja, yuko mahabusu mwaka wa tatu huu kwa kesi ya mauaji. Ilitokea vurugu kwenye kilabu cha pombe za kienyeji, watu kadhaa wakapigana, mmoja akaumia kichwani akafia hospitali kesho yake. Polisi wakazoa waliokuwepo, wengine wakatoka, yeye na mwenzake wakabaki. Sisemi hana kosa, mimi sikuwepo, ndo maana nataka kesi isikilizwe ijulikane nani alifanya nini.

Sasa kila baada ya wiki mbili wanaletwa mahakamani. Karani anaita majina, wanasimama, wakili wa serikali anasema mheshimiwa upelelezi haujakamilika tunaomba tarehe nyingine, hakimu anaandika tarehe, wanarudishwa kwenye karandinga. Haifiki hata dakika tatu. Mama yake anatoka kijijini saa tisa usiku kuwahi basi ili amuone mtoto akipita na pingu kutoka kwenye gari mpaka mlangoni, basi, hata kumpa mkono haruhusiwi. Siku moja mdogo wangu akanyoosha mkono aongee, hakimu akamwambia kwa upole tu kwamba mahakama hii haina mamlaka ya kusikiliza shauri lako kwahiyo hutakiwi kujibu chochote.

Sasa kama haina mamlaka wanampeleka pale kufanya nini? Na nilisikia 2022 sheria ilibadilishwa kwamba mtu asipelekwe mahakamani mpaka upelelezi ukamilike, mbona kwake haifanyi kazi? Dhamana je? Kuna jamaa ametupigia simu anasema tukimpa hela kesi inafutwa ndani ya wiki, mama anataka kuuza ng'ombe.

---

Kanzu_Nyeusi

Mkuu pole sana, na kwanza kabisa mwambie mama asiuze ng'ombe. Huyo ni tapeli. Mwenye mamlaka ya kufuta kesi ya jinai ni DPP, yani Mkurugenzi wa Mashtaka, na hiyo haina malipo, hakuna mtu wa katikati.

Nikujibu la mahakama. Kesi ya mauaji inasikilizwa na Mahakama Kuu, au hakimu aliyeongezewa mamlaka. Lakini haianzii huko, inafunguliwa mahakama ya chini ile ya wilaya au ya hakimu mkazi, ndo zile watu wanaita kesi za PI (Preliminary Inquiry, yani uchunguzi wa awali). Kazi ya hakimu wa pale ni kuhakikisha mshtakiwa analetwa mbele yake mara kwa mara wakati polisi wanapeleleza, maana sheria hairuhusu mtu kukaa mahabusu zaidi ya siku 15 bila kesi yake kutajwa. Upelelezi ukikamilika DPP anafungua shauri Mahakama Kuu, halafu mdogo wako anarudishwa kwa huyo huyo hakimu anasomewa maelezo ya mashahidi wote na vielelezo, anapewa nakala, ndo anakabidhiwa rasmi kwenda Mahakama Kuu. Huko sasa ndo ataulizwa kwa mara ya kwanza kama ni kweli au si kweli. Kwahiyo hiyo miaka yote mnayoiona ni mlango wa kuingilia tu, kesi yenyewe haijaanza.

La 2022 umesikia sawa ila kuna kitu hawakukwambia. Ni kweli Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai iliwekewa kifungu kwamba hati ya mashtaka isipelekwe mahakamani kabla upelelezi haujakamilika, ni hatua kubwa na nimeona kesi ndogondogo nyingi zimepona kwa sababu hiyo. Lakini makosa makubwa, yale yanayosikilizwa na Mahakama Kuu, yameachwa nje. Yani kwenye wizi wa simu umelindwa ila kwenye mauaji ambako mtu hana hata dhamana hujalindwa. Mimi hapo ndipo ninapogombana na watunga sheria, maana anayeumia zaidi na kuchelewa ni yule ambaye hawezi kutoka.

Na dhamana haipo. Mauaji, uhaini, unyang'anyi wa kutumia silaha, dawa za kulevya, utakatishaji fedha, ugaidi, usafirishaji haramu wa binadamu, vyote hivyo vimefungiwa na kile kifungu maarufu kinachojulikana kama 148(5). Mei 2020 Mahakama Kuu ilisema kifungu hicho kinavunja katiba, watu wakashangilia, Agosti mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikatengua ikasema kiko sawa. Kwahiyo hata hakimu akimuonea huruma vipi hana la kufanya.

---

Mzee_wa_Jalada

Nimekuwa mpelelezi miaka mingi, sasa nimestaafu, naomba niseme upande ambao wengi hamuuoni, sio kutetea ila muelewe.

Hiyo sentensi "upelelezi haujakamilika" ina mambo mengi ndani yake. Kwenye kifo kama hicho unahitaji ripoti ya daktari ya uchunguzi wa mwili, mara nyingine vielelezo vinaenda kwa Mkemia Mkuu wa Serikali, unahitaji maelezo ya mashahidi, ramani ya eneo la tukio, maelezo ya onyo ya watuhumiwa, yani yale wanayotoa polisi baada ya kuonywa. Halafu jalada linaanza safari. Linatoka kituoni linaenda kwa OC-CID, mkuu wa upelelezi wa wilaya, linakwenda kwa RCO, mkuu wa upelelezi wa mkoa, wanalipeleka ofisi ya mashtaka, wakili wa serikali analisoma anaona shahidi namba tatu hajasema alisimama wapi, analirudisha na maelekezo. Mpelelezi aliyekuwa nalo amehamishwa. Mpya analikuta kwenye kabati lenye majalada mengine rundo, hajui kijiji, hana gari, shahidi wa kilabu ameshahamia machimbo hajulikani alipo. Hapo mwaka umekatika na hakuna mtu mmoja unayeweza kumnyooshea kidole.

Zamani sisi polisi tulipeleleza na mahakamani tukasimama wenyewe kuendesha mashtaka. Sheria ya 2008 ikatenganisha, mashtaka yakawa kazi ya mawakili wa serikali chini ya DPP, na mimi naunga mkono kabisa maana anayekamata hatakiwi awe ndo anayeamua nani ashtakiwe. Lakini waligawa kazi hawakugawa mafuta. Kila ofisi ikawa inamsubiri mwenzake.

Kosa letu kubwa, na nalisema kwa uchungu, ni kukamata kwanza ndo unatafuta ushahidi. Kwa makosa ya kawaida sheria inasema saa 24 uwe umempeleka mtu mahakamani au umemuachia kwa dhamana, na kwa kosa la kunyongwa umpeleke mapema iwezekanavyo. Sasa kwenye mauaji wananchi wako nje ya kituo wanapiga kelele, mkubwa wako anapiga simu anauliza mmekamata? Unawafungulia mauaji wote halafu unachambua baadaye. Na hiyo baadaye ndo inakuwa miaka. Ile Tume ya Haki Jinai aliyoiunda Rais 2023 chini ya Jaji Mkuu mstaafu Chande Othman ililigusa hili, ikapendekeza mpaka iundwe ofisi ya taifa ya upelelezi inayojitegemea. Mimi ningeanza na kitu kidogo kuliko hicho: mpelelezi wa kesi ya mauaji asihamishwe bila kukabidhi jalada lililokamilika.

---

Nilipita_Huko

Mzee umeongea vizuri ila naomba na mimi nieleze hiyo "baadaye" inavyokuwa kwa aliye ndani, maana nilikaa remandi kwa kesi isiyo na dhamana na mwisho DPP akaiondoa, nikatoka bila hata kusomewa shahidi mmoja.

Mfungwa anajua anatoka lini. Anahesabu, anapunguziwa theluthi kwa tabia njema, anafundishwa useremala, anatoka nje kulima anaona jua. Mahabusu hana chochote kati ya hivyo. Wewe hujahukumiwa kwahiyo hupangiwi kazi, unakaa tu. Kwetu mlikuwa mmejaa mpaka usiku mnalala mchongoma, ubavu kwa ubavu wote mmeangalia upande mmoja, nyapara akisema geuka mnageuka chumba kizima kwa pamoja, ukienda haja ukirudi nafasi yako haipo. Kuna kijana alilala pembeni yangu alikuwa anarudia kila siku maelezo ya kesi yake kwa sauti ya chini, saa ngapi alikuwa wapi, nani alimuona, kwasababu alishaanza kusahau na aliogopa siku akiitwa kuulizwa atajikanyaga waseme anadanganya. Hilo ndo halizungumzwi: ukisubirisha mtu sana hata ukweli wake mwenyewe unamtoka.

Na nilipotoka hakuna aliyesema samahani wala kunilipa. Biashara yangu ya genge ilikufa, mke alirudi kwao. Katiba ibara ya 13 inasema mtu asitendewe kama mkosaji mpaka ithibitike. Mkuu Ngosha, mdogo wako akija mahakamani jitahidini awaone sura hata kama ni kwa mbali, mimi hiyo ilinibeba sana.

---

Binti_Mlowe

Sitaki kumkwaza mtu ila kuna upande haujatajwa humu. Mimi baba yangu aliuawa. Watuhumiwa walikamatwa, tukaambiwa kesi iko mahakamani, tukatulia tukijua serikali inafanya kazi. Hakuna aliyetupigia simu kutuambia tarehe. Miaka ilipita, siku moja tunakutana na mmoja wao sokoni. Kumbe kesi iliondolewa, mashahidi wawili hawakupatikana, na mmoja wa mashahidi hao anaishi kwa mjomba wake mtaa wa pili kutoka kwetu, hajawahi kupata hata wito wa mahakama!

Kwahiyo nikisikia watu wanalia kwamba mahabusu wanacheleweshewa haki zao naelewa na nawaonea huruma kweli, lakini ucheleweshaji huohuo ndo uliozika kesi ya baba. Sisi hatukutaka mtu akae ndani miaka bila kusikilizwa, tulitaka wasimame waulizwe na sisi tuwepo. Kisheria anayeshtaki ni Jamhuri, sawa, ila familia ya marehemu inageuka mtazamaji asiyepewa hata ratiba.

---

Kanzu_Nyeusi

Dada Binti Mlowe pole sana, na uko sahihi. Kuondoa kesi kwa njia hiyo kisheria sio kuachiwa huru moja kwa moja, DPP anaweza kuirudisha. Mabadiliko ya 2022 yaliweka sharti kwamba wasikamatwe tena kwa kosa lilelile mpaka ushahidi uwepo na kesi iwe tayari kusikilizwa. Kama shahidi unamjua alipo, nenda na jina lake ofisi ya mashtaka ya mkoa, omba kuonana na Wakili wa Serikali Mfawidhi. Mauaji hayana ukomo wa muda. Sikuahidi matokeo ila mlango haujafungwa.

---

Wa_Likoni

Kutoka Mombasa, poleni majirani. Huku kwetu katiba ya 2010 kifungu cha 49 kinasema kila aliyekamatwa ana haki ya dhamana isipokuwa kuwe na sababu nzito, hata mauaji, na ni jaji anaamua kwa kuangalia mtu mwenyewe: ana makazi, atatoroka, atatisha mashahidi? Kwahiyo washtakiwa wa mauaji huku wapo wanatoka nyumbani kuhudhuria kesi. Lakini msidhani tumepona. Anayepewa dhamana ya laki kadhaa na hana shamba wala gari bado yuko gereza la Shimo la Tewa mpaka leo. Haki mmeandikiwa, pesa hamna. Ila angalau swali linaulizwa mbele ya jaji na linajibiwa, si kufungiwa na orodha.

---

Ngosha_wa_Ziwani

Asanteni sana nyote. Dada Binti Mlowe umenifanya nifikirie ile familia ya marehemu, wako kijiji cha jirani na nina hakika na wao hawaambiwi kitu. Yule jamaa wa simu nimemblock. Kanzu Nyeusi, sasa sisi tuanzie wapi? Hatuna hela ya wakili.

---

Kanzu_Nyeusi

Andikeni barua kwa Wakili wa Serikali Mfawidhi wa mkoa, nakala kwa Jaji Mfawidhi wa kanda. Wekeni namba ya PI, tarehe aliyofikishwa mahakamani mara ya kwanza, ombeni kujua jalada limefikia wapi. Majaji huwa wanatembelea magereza na kuna vikao vya kusukuma mashauri ambako polisi, magereza, mashtaka na mahakama wanakaa meza moja, barua yenu ikiwepo kesi inaulizwa kwa namba. Yeye mwenyewe ndani anaweza kuandika kupitia ofisi ya gereza, ni haki yake.

Wakili msihofu, kwenye kesi ya mauaji mahakama inampangia na serikali inalipa. Shida huwa wanapangiwa wakishafika Mahakama Kuu na mara nyingi wanaonana na mteja muda mfupi kabla ya kesi, kwahiyo kabla ya hapo mtafute watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa, sheria ya 2017 inawatambua, ulizeni ofisi ya halmashauri. Mwulizeni huyo wakili mapema kuhusu kuua bila kukusudia, maana ugomvi wa pombe mara nyingi unaangukia huko na hilo kosa lina dhamana na halina adhabu ya kunyongwa, ila hayo ni mazungumzo ya wakili na upande wa mashtaka, msimlazimishe kijana akiri kitu ambacho hakufanya ili atoke haraka.

Na siku ya kukabidhiwa hakimu atamuuliza ana mashahidi gani wa upande wake. Wengi hapo wanasema sina kwasababu hawakujiandaa. Mliongelea kilabu, kulikuwa na anayeuza, kulikuwa na waliokaa pembeni. Nendeni sasa hivi mjue wako wapi na namba zao za simu, wanaohama muulize wanahamia wapi, kijana awe na majina hayo kichwani kabla hajasimama.