Naomba ushauri: sauti inaachana na midomo kwenye picha za simu

Wakuu, habari za kazi. Nahariri filamu ya dakika 40 hapa Kigoma, imepigwa mwaloni Kibirizi. Picha ni za simu mbili, sauti ni ya rekoda ya pembeni. Nikioanisha kwa kofi la mwanzo midomo inakaa sawa, lakini kwenye vipande virefu, kufika dakika ya kumi, mtu anafunga mdomo maneno bado yanatoka.

Rekoda na mradi vyote ni 48 kHz (kipimo cha sampuli za sauti kwa sekunde), kwa hiyo tofauti ya kipimo hicho naiondoa kwenye sababu. Ninachoshuku ni kasi ya fremu, yaani idadi ya picha kwa sekunde: simu huipunguza yenyewe mwanga ukififia, na matukio mengi ni ya alfajiri wavuvi wakirudi. Programu ya kuhariri inahesabu fremu kana kwamba zote zina urefu mmoja.

Najua dawa ni kupitisha kila faili HandBrake (programu ya kugeuza video) na kuchagua kasi isiyobadilika kabla ya kuanza kukata. Ninapokwama ni hapa: simu zimepiga fremu 30 kwa sekunde, televisheni inataka 25. Nikishusha mapema, fremu zinatupwa na mtumbwi unaopita unakwenda kwa kushtuka. Nihariri kwa 30 halafu nishushe mwishoni, au?

Pia, DNxHR SQ (muundo wa video wa kuhariria, mwepesi kwa kompyuta lakini wenye faili kubwa) ya 1080 inakula takriban GB 54 kwa saa kwenye fremu 25, nami nina saa 14 za picha na diski ya TB 1. Nigeuze zote, au nichague kwanza vipande vya kutumia? Waliowahi kupeleka kazi ya simu televisheni, tafadhali nielekezeni.