Mjadala: Abraham Lincoln aliwakomboa watumwa, au walijikomboa wenyewe?

Mleta mada

Ndugu zangu, naleta hoja ambayo wanahistoria wa Marekani wameivutania kwa miaka mingi: ni nani hasa aliyeukomesha utumwa katika nchi ile, wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya mwaka 1861 hadi 1865, kati ya serikali na majimbo ya Kusini yaliyoasi? Jibu tulilolizoea ni Rais Abraham Lincoln, kwa Tangazo la Ukombozi alilolitia saini tarehe 1 Januari 1863, lililowatangaza huru watumwa wa maeneo ya waasi. Msimamo wangu ni kwamba sifa ya kwanza ni ya watumwa wenyewe, na kwamba Lincoln anastahili heshima kubwa, lakini si kwa sababu ile anayosifiwa nayo kila mara.

Mwezi Mei 1861, vita vikiwa ndiyo kwanza vimeanza, watu watatu, Frank Baker, Shepard Mallory na James Townsend, walitoroka usiku kwa mashua hadi Ngome ya Monroe, jimboni Virginia, iliyokuwa bado mikononi mwa jeshi la serikali. Bwana wao alikuwa kanali wa waasi, naye alikuwa amewapeleka kujenga boma la mizinga la upande wake. Afisa wa waasi alifuata na bendera nyeupe, akadai warudishwe kwa mujibu wa sheria ya watumwa watoro. Jenerali Benjamin Butler, ambaye kabla ya vita alikuwa wakili, alimjibu kwamba Virginia imejitangaza kuwa nchi nyingine, hivyo haiwezi kudai haki chini ya sheria za Marekani. Na kwa kuwa waasi wenyewe wanawahesabu watu wale kuwa mali, basi ni mali ya adui inayotumika vitani, nayo inashikiliwa. Habari zilienea mashambani, na baada ya wiki chache mamia ya wanaume, wanawake na watoto walikuwa wamefika ngomeni hapo.

Wakati huo Lincoln hakuwa ameahidi lolote. Alipoapishwa mwezi Machi 1861 alisema wazi kwamba hana nia ya kuugusa utumwa katika majimbo uliko. Jenerali Frémont wa jeshi la serikali alipowatangaza huru watumwa wa waasi wa Missouri, mwezi Agosti mwaka huo, Rais alilifuta tangazo hilo kwa kuhofia Kentucky, jimbo la utumwa lililobaki upande wa serikali, isijiunge na waasi. Jenerali Hunter alipofanya kama hivyo mwaka uliofuata, naye alifutiwa amri yake. Waliotoroka, basi, hawakungoja ruhusa ya mtu. Kufika kwao ndiko kulikolilazimisha jeshi, kisha Bunge, kisha Ikulu, kutoa jibu.

Heshima ninayompa Lincoln ni ya Agosti 1864. Vita vilikuwa vimekwama, uchaguzi ulikuwa karibu, na watu wa chama chake mwenyewe walimsihi azungumze na Kusini bila kulishikilia suala la utumwa. Aliamini kwamba atashindwa, hata aliandika hivyo kwenye karatasi akawataka mawaziri wake waitie saini bila kuwaonyesha kilichomo. Pamoja na hayo hakulirudisha nyuma Tangazo lake. Badala yake alimwita Frederick Douglass, mtu aliyewahi kuwa mtumwa na aliyekuwa mkosoaji wake mkali, akamwomba apange namna ya kuwatoa Kusini watumwa wengi iwezekanavyo kabla ya rais mwingine kuingia madarakani.

Mchangiaji wa kwanza

Ndugu mleta mada, naona umemhurumia mno. Tarehe 14 Agosti 1862 Lincoln aliwapokea Ikulu wajumbe watano weusi, watu huru, akawaeleza kwamba ni afadhali jamii hizo mbili zitengane, akawahimiza waongoze wenzao kuhamia Amerika ya Kati. Walikuwa wamezaliwa Marekani, na wazazi wao walikuwa wameijenga nchi hiyo bila ujira. Mwaka uliofuata serikali yake iligharimia safari ya watu zaidi ya 400 kwenda kisiwa cha Île-à-Vache, Haiti, ambako magonjwa na njaa viliwaua wengi, hadi ikabidi ipelekwe meli kuwarudisha waliosalia.

Tazama pia nani alilipwa. Utumwa ulipofutwa katika mji mkuu Washington, mwezi Aprili 1862, mabwana walilipwa fidia ya hadi dola 300 kwa kila mtu aliyeachiwa, wakati walioachiwa hawakupata chochote isipokuwa ahadi ya hadi dola 100 kwa atakayekubali kuihama nchi. Sisi wa Zanzibar tunaufahamu mpango wa namna hiyo, kwa sababu amri ya mwaka 1897 nayo iliwafidia mabwana, huku mtumwa akitakiwa kwenda mwenyewe kuomba uhuru wake. Tangazo lenyewe la 1863 liliwaacha utumwani watu wa Kentucky, Missouri, Maryland, Delaware na Tennessee. Aliyehesabu uhuru wa watu kwa mizani ya siasa na ya vita tusimwite mkombozi.

Mchangiaji wa pili

Naomba kutofautiana na wote wawili. Tangazo lile lilisimama juu ya mamlaka ya Rais kama amiri jeshi mkuu, na mamlaka hayo yaliwafikia waasi tu; katika majimbo yaliyobaki ndani ya Muungano, Katiba haikumpa Rais uwezo wa kumnyang'anya mtu kile ambacho sheria ya jimbo ilikihesabu kuwa mali yake. Ndiyo maana Lincoln alisukuma Marekebisho ya 13 ya Katiba, ya kuufuta utumwa nchi nzima, yaliyopita katika Baraza la Wawakilishi tarehe 31 Januari 1865 kwa kura 119 dhidi ya 56, baada ya kukwama humo mwaka uliotangulia. Tangazo, kwa upande wake, lilifungua milango ya jeshi, na watu weusi wapatao 180,000 walivaa sare kabla ya vita kwisha.

Kutoroka ni ushujaa, lakini takriban watu milioni 4 walikuwa utumwani, na wengi wao walikuwa bado mikononi mwa mabwana zao siku majeshi ya Kusini yaliposalimu amri. Kule Galveston, Texas, amri ya uhuru ilisomwa tarehe 19 Juni 1865, askari wa serikali walipofika. Bila jeshi lililoshinda, wale watatu wa Ngome ya Monroe wangerudishwa.

Mleta mada

Nakubali kwamba jeshi lililoshinda lilikuwa la lazima, ila jeshi hilo lilikuwa na hao hao watoro ndani yake, na Lincoln mwenyewe alikiri kwamba bila wao asingeweza kuendelea na vita. Kwa mchangiaji wa kwanza, siyapingi uliyoyasema juu ya Haiti. Lakini tarehe 11 Aprili 1865 Lincoln alisema hadharani kwamba angependa baadhi ya watu weusi, hasa waliokuwa askari, wapewe haki ya kupiga kura. John Wilkes Booth alikuwa miongoni mwa wasikilizaji, na siku tatu baadaye alimpiga risasi.

Ubishi huu umesimama hadharani mjini Washington tangu Aprili 1876, katika sanamu inayomwonyesha Lincoln amesimama, mkono ameunyoosha juu ya mtu mweusi aliyepiga goti na pingu zilizokatika. Fedha zilichangwa na watu waliotoka utumwani, wa kwanza akiwa Charlotte Scott aliyetoa dola 5, lakini hawakuulizwa sanamu iweje. Katika hotuba yake ya uzinduzi Douglass alisema kwamba Lincoln alikuwa kwanza rais wa watu weupe. Siku chache baadaye aliandika gazetini kwamba angependa, kabla hajafa, kuona sanamu ya mtu mweusi aliyesimama kwa miguu yake. Boston iliiondoa nakala yake mwaka 2020, nami naona ilifanya sawa. Hii ya Washington ningependa ibaki, na kando yake ijengwe ile aliyoitaka Douglass. Anayesema nayo iondolewe, naomba atueleze mchango wa Charlotte Scott na wenzake tutauheshimu kwa namna gani.